Joëlle Anarekodi Bunia Inayocheka

Jua bado liko chini, na Joëlle Kavira amechuchumaa kando ya kinu katika soko la Nyakasanza, mjini Bunia, mashariki mwa Kongo. Kamera yake ndogo imeegemea gotini. Mbele yake, Adeline anatwanga sombe, majani ya muhogo, huku akibishana na mteja.

"Mama Adeline, fanya kama miye siko hapa," Joëlle ananong'ona.

"Namna gani, na weye umefunga njia ya wateja?"

Joëlle anacheka, anasogea, anaendelea kurekodi.

Mwanamke huyu wa miaka thelathini na moja hutengeneza filamu fupi za maisha ya kila siku. Hamwelekezi mtu la kusema. Hukaa na kusubiri. Jumamosi hupiga video za harusi, na hizo ndizo zinazomlisha.

Familia yake ilihamia hapa kutoka Butembo akiwa mdogo. Alikua akiona wapiga picha wageni wakifika kila mapigano yalipozuka, kisha wakiondoka.

"Nikajiuliza: siku zingine siye hatuishi?"

Filamu yake ya kwanza, ya dakika tisa, ilimhusu Adeline, aliyekimbia mapigano kijijini kwake huko Djugu. Mnunuzi mmoja kutoka nje aliipenda, ila akataka kipande kiongezwe: Adeline akilia. Kamera ya Joëlle ilikuwa inakaribia kufa, na fedha hizo zingempa nyingine. Akakataa.

"Ile siku mama hakulia. Alikuwa anachekesha soko nzima."

Mnunuzi hakupiga simu tena. Joëlle akatundika shuka jeupe katika ukumbi wa parokia, akawaalika watu wa sokoni. Adeline alipotokea kwenye shuka, sauti yake mwenyewe ikapasuka kutoka mstari wa mbele: "Ni miye ule! Tazameni mikono yangu!"

Watu wakapiga vigelegele, wakadai filamu irudiwe.

"Watu wanakuyaka kutupiga foto siku tunakimbia," Adeline anasema, bila kuacha kutwanga. "Huyu mutoto alikuya siku niko kazini. Wajukuu wangu watajua nilikuwa mutu wa kazi."

Sasa fundi baiskeli na kinyozi wa sokoni wanamwita Joëlle wenyewe aje kuwarekodi. Zamani walimfukuza.

Mwezi ujao Joëlle atateremka Kasenyi, kando ya Ziwa Albert, kurekodi wanawake wanaokausha samaki. Baadaye anataka kuzungusha filamu zake mashuleni.

"Mutoto akitafuta Bunia mu telefone, asione vita tu," anasema. "Aone watu wanauzisha, wanabishana, wanacheka. Aseme: kwetu ni hapa, na sioni haya kusema."