Mchana Alioondoka Stumai

Bi Mwantumu wa Malolo hakuwa mtu mkubwa. Alilima mtama na karanga kama sisi wote, akauza chumvi kidogo barazani. Lakini alikuwa na kazi nyingine, aliyofundishwa na bibi yake ng'ambo ya Ruvuma kabla hawajahamia huku. Kazi hiyo iliitwa kulegeza jua.

Alikuwa na ngoma ndogo ya ngozi ya paa. Ikipigwa ngozi ikiwa imelegea, mchana nao unalegea, watu wanapata nafasi. Mvua ikitishia karanga shambani, anaitwa. Mgonjwa akisubiri gari la hospitali, anaitwa. Ngozi ikikazwa kwa moto, mambo yanageuka, saa zinakimbia. Wanaume walimwomba sana akaze siku za mikutano ya kijiji.

"Mkiniponza kwa katibu, mtanilisha ninyi?" alikuwa anawajibu, na wao wanacheka.

Mimi ni Mkatoliki, nilikuwa naogopa. Siku moja nikamuuliza, "Mama, huu si ushirikina?"

"Ushirikina wapi, Justa mwanangu? Jua ni la Mungu. Mimi nabembeleza tu, kama unavyombembeleza mgeni ale kwanza ndipo aende."

Ila kulikuwa na sharti moja gumu. Muda unaolegezwa wanaupata wanaosikiliza. Mpigaji haupati, kwake ni kufumba na kufumbua. Ndiyo maana sherehe nyingi alizowapigia watu yeye alikumbuka kukaa na kuinuka tu.

Sikulitilia maanani hilo mpaka mwaka themanini na mbili. Stumai, mwanawe wa pekee, alikuwa rika langu, tumesoma dawati moja. Aliolewa na Mwalimu Shaban, mtu wa Kigoma aliyepangiwa shule yetu, na sasa mwalimu amehamishiwa kwao. Lori la korosho lingewachukua alasiri. Kigoma! Sisi tulikuwa tunaijua kwenye ramani tu, ukutani.

Asubuhi ile Bi Mwantumu akanishika mkono. "Nimewalegezea watu jua maisha yangu yote. Leo nataka la kwangu, nikae na mwanangu. Utanipigia wewe."

Woga wangu ulikuwa umeisha na alikuwa ananifundisha kupiga, lakini bado nilikuwa najifunzia magotini kwa viganja, ngoma yenyewe sijaigusa. "Mama, mimi sijaiva."

"Hata mbichi nitakula."

Baada ya adhuhuri nikaenda uani kusali Salamu Maria zangu. Narudi, namkuta Seifu, dereva wa lori, kijana wa Lindi, amechutama jikoni ameielekeza ngoma kwenye moto.

"Dada, ngoma haipigwi baridi bwana! Nimekupashia."

Alidhani ni ngoma ya kumchezesha bibi arusi. Kabla sijasema neno akaigonga kwa kidole, ti-ti-ti. Kivuli cha nyumba kikaruka kutoka ukutani mpaka kwenye kinu. Wali uliokuwa unachemka ukanuka kuungua. Mwalimu Shaban akawa anafunga sanduku, na barabarani utingo anapiga honi.

Bi Mwantumu akashika kichwa mlangoni. "Seifu! Umenilia mchana wangu!"

"Mama, mimi nimesaidia tu!"

Stumai akaanza kulia. Nikaipokonya ngoma, nikachota maji mtungini, nikaimwagia ngozi.

"Unaiharibu hiyo!"

"Nyamaza, kaka."

Nikakaa chini, nikapiga. Ilitoa sauti nzito, ya polepole, kama mtu anayebisha hodi na ndani kuna mtoto amelala. Nakumbuka midundo mitatu. Halafu nikasikia mkono begani.

"Basi, mwanangu. Imetosha."

Lori lilikuwa limekwenda. Vumbi lilikuwa bado halijatua.

"Mama, sijamuaga!"

"Umeagwa. Alikuinamia, hukuinua macho." Akakaa kando yangu, uso wake umetulia. "Nimemsuka. Nikamfumua, nikamsuka upya. Tumegombana kwa ajili ya vikombe vyangu vya maua, tukapatana, akavichukua. Tumepika wali mwingine. Huyo Seifu amelala, akaamka akala, akalala tena."

Tangu hapo, tukikaa kubangua karanga, nilikuwa namwambia, "Mama, nipe kipande cha ule mchana." Alinipa kidogo kidogo, kama mtu anayekata sabuni. Mara wimbo waliouimba, mara kicheko cha Stumai alipomkuta kuku ndani ya sanduku lake la nguo.

Kipande cha mwisho alinipa mwaka aliofariki, akiwa kitandani.

"Lile jua lilikuwa kali," akasema. "Ulikuwa unatoka jasho, wewe umo tu kwenye ngoma. Stumai akavua kanga yake ya begani, akakaa nyuma yako, akakupepea mpaka utingo alipomfuata."

Mungu amlaze mahali pema. Ngoma ninayo. Joto la Novemba likizidi, huwa nakaa nayo uani, nimefumba macho, nautafuta ule upepo. Siukumbuki. Lakini najua ulikuwapo, na huwa nakaa mpaka jioni.