Kumtafuta Kaka Aliyenizidi Umri

Nilitoka nyumbani Migwani kwa sababu serikali ilikuwa imenizeesha miaka mitatu. Nilikuwa nimengoja ajira ya ualimu mpaka nikakata tamaa, nayo ilipokuja ikasimamishwa kabla sijazoea njia ya shuleni. Kitambulisho changu kilidai nimepita miaka arobaini na tano, umri wa mwisho wa kuajiriwa. Nikaenda kortini, nako nikatakiwa kuleta shahidi wa kuzaliwa kwangu.

Kosa lilianzia kwa mikono yangu. Zamani kwetu mtoto aliingia shule akiweza kupitisha mkono juu ya kichwa na kushika sikio la upande wa pili. Mikono yangu ilikuwa mirefu kupita kiasi, nikaingia mapema na kusoma na watu walionizidi umri. Siku ya vitambulisho karani alituona darasa zima kwenye foleni, akatuandikia sote mwaka mmoja. Nilizaliwa nyumbani, bila cheti, na mama ameshafariki. Aliyekuwepo siku niliyozaliwa na bado yuko hai ni Kyalo, mtoto wa dada yake mama, mwenye duka la misumari na rangi huko Tawa.

Asubuhi jirani alinipakia kwenye pikapu yake ya ndengu. Njia nzima, kupitia Wamunyu hadi Masii, alinitania umri wa kitambulisho kwa kuniita nyanya.

"Shuka pole pole, nyanya," aliniambia tulipofika Masii. Nilicheka, ingawa moyoni niliumia. Bila ile kazi ningerudi kuuza mitumba.

Nilifika Tawa kwa matatu, nayo ilikuwa siku ya soko. Nilimkuta Kyalo amevaa shati la vijana, na nywele amezipaka rangi nyeusi tii. Alinipikia chai, akanisikiliza, kisha akafunga mlango wa duka.

"Mwende, umeniweka kwa shida," alisema. "Naoa. Nimeambia mchumba wangu Ndunge na watu wao niko na arobaini."

"Kaka, una arobaini na minane."

"Najua. Si nishuhudie tu hivyo hivyo, na arobaini yangu?"

"Mimi nina arobaini na mitatu. Utasema uliniona nikizaliwa ukiwa wapi?"

Alifikiri juu ya hilo hata chai ikapoa, kisha akakubali kuja.

Ndunge, fundi wa nguo wa duka la jirani, aliposikia kuna safari ya korti alisema atatusindikiza. Kyalo alimsihi abaki. Kesho yake Ndunge alikuwa wa kwanza stendi, amebeba kikapu cha chapati.

Kitui, chumba cha korti kilijaa. Wakili wa mwajiri alimtaka shahidi ataje umri wake. Kyalo alikohoa, akaomba maji, akatazama benchi la nyuma alikoketi Ndunge. Nilimhurumia mpaka nikataka kumwambia ashuke kizimbani tu.

"Arobaini na minane," alisema.

"Na unakumbukaje kuzaliwa kwa huyu?"

"Nilikunywa uji wa mamake. Ule wa mzazi, wenye maziwa mengi. Nilikuwa miaka tano. Nilichapwa na shosho, nyanya yetu, na huyu akiwa analia chumba ingine. Mtu hasahau uji kama huo."

Hakimu aliinamisha kichwa kuficha kicheko. Baada ya chakula cha mchana aliamuru kitambulisho kirekebishwe nami nirudishwe kazini. Nililia mbele za watu bila aibu.

Tulirudi pamoja, kwa matatu, mpaka Kabati njia zinakoachana. Kyalo alijikunyata karibu na dirisha. Ndunge alitugawia chapati. Tulipokaribia Kabati alijifuta mikono kwa leso.

"Kyalo," alisema, "mimi nilikwambia niko na thelathini na nane."

"Ndiyo."

"Niko na hamsini na moja. Nimekuwa nikiogopa utajua kabla ya harusi."

Kyalo aliinuka. Kisha, kwa adabu zote, akampisha kiti cha dirishani.

Nimejifunza kwamba mwalimu tu ndiye anayelazimishwa kuthibitisha umri wake. Wapenzi wanaaminiana.