Biji na Kiswahili cha Kisumu

Nkatha alipopangiwa nyumba ile ya Austral, nje kidogo ya mji wa Liverpool wa kule Australia, msimamizi wake alimtahadharisha kwa simu: mama mzee amepigwa na kiharusi, mkono wa kulia umelegea, na anayoyasema hayaeleweki. "Wewe zungumza naye kwa upole tu," akamwambia. "Usitarajie jibu."

Nkatha alikuwa mtu wa Maua, kule Meru nchini Kenya, na kazi ya kutunza wazee majumbani alikuwa ameizoea. Alivua viatu mlangoni alipoona vya wenyeji vimepangwa hapo, akaingia. Surinder Kaur, ambaye nyumba nzima ilimwita Biji, yaani nyanya, alikuwa ameketi dirishani, mtandio mweupe kichwani, akinung'unika peke yake. Mjukuu wake Simran, binti aliyefanya kazi ya uhasibu mjini Parramatta, alikuwa amechukua likizo ili amuuguze. Macho yalikuwa yamemwiva kwa uchovu.

"Amekuwa hivi tangu atoke hospitali," Simran alisema kwa Kiingereza. "Si Kipunjabi, si Kiingereza. Chakula hataki. Sijui anachotaka."

Nkatha akainama kumsalimu. Ulimi wa Biji ulikuwa mzito, ukiburuta maneno kama mtu anayeburuta gunia, lakini neno likafuata neno, na Nkatha akatega sikio.

"Chai... maji imechemka? Hawa watu... chai iko wapi?"

"Maji yamechemka, nyanya," Nkatha akajibu, akajishangaa mwenyewe. "Nikutilie tangawizi?"

Mama mzee akageuka taratibu. Alimtazama Nkatha kuanzia kichwani hadi miguuni, akamshika kidole kwa mkono wake mzima, kisha akaangua kilio. Simran alikuja mbio akidhani ameumizwa.

"Anaongea Kiswahili," Nkatha alimwambia. "Anataka chai."

Familia ilijua kwamba Biji alizaliwa Kisumu, mji wa Wajaluo, ambako baba yake alikuwa fundi wa reli. Walijua pia kuwa alihamia Australia na mumewe wakati mwanawe Harjit angali anabebwa mgongoni. Lakini hakuna aliyepata kumsikia akitamka neno la huko. Kumbe Kiswahili kilikuwa kimelala ndani yake miaka yote, kile cha sokoni na cha michezo ya watoto, kisichojali ngeli. Kiharusi kilipozifunga lugha nyingine, hicho ndicho kilichobaki.

Tangu siku hiyo Biji alikula. Aliagiza uji, akakataa uji, akataka pilipili, akamgombeza Nkatha kwa chumvi. Jioni moja Simran, aliyekuwa amekaa karibu na miguu ya bibi yake, akasema: "Nilipokuwa mdogo alinisimulia habari za Baba Nanak, mwanzilishi wa dini yetu, kila nilipokwenda kulala. Nilikuwa nikisinzia. Unaweza kumwomba anisimulie tena?"

Nkatha akaomba. Uso wa Biji ukanyooka.

"Baba Nanak yeye zaliwa Punjab, zamani sana, zaidi ya miaka mia tano. Baba yake taka yeye fanya biashara. Yeye hapana taka. Moyo yake iko kwa Mungu."

Nkatha alitafsiri sentensi baada ya sentensi, na Simran akasikiliza mdomo wazi. Biji alieleza jinsi Nanak alivyoingia mtoni kuoga alfajiri asionekane tena, watu wakamlilia wakidhani amezama. Siku ya tatu akatoka, na neno lake la kwanza likawa kwamba mbele ya Mungu hakuna Mhindu wala Mwislamu. Akashika njia akitembea nchi na nchi, na rafiki yake Mardana, Mwislamu, akimpigia kinanda cha nyuzi huku yeye akiimba. Uzeeni alirudi akalima shamba lake mwenyewe, na kila aliyefika kumsikiliza aliketi chini na wengine, mstari mmoja, wakala chungu kimoja.

"Tajiri na maskini?" Nkatha aliuliza, akisahau kwamba yeye ni mkalimani tu.

"Wote. Hata mfalme kuja, yeye kaa chini kwanza."

Jioni zikafuatana hivyo. Nkatha akajua kwamba Nanak hakuwarithisha wanawe kiti chake, bali mfuasi mnyenyekevu aliyempa jina la Angad, kiungo cha mwili wake. Akajua kwamba walifuatana walimu kumi, kila mmoja akiitwa Guru, na kwamba neno Sikh, jina la wafuasi wao, ambalo kwao Kenya walilifunika kwa jina la Kalasinga, maana yake ni mwanafunzi.

Alipofika kwa mwalimu wa kumi, Guru Gobind Singh, Biji alijitahidi kuketi wima. Siku ya sikukuu ya mavuno, alisema, Guru alisimama mbele ya umati na upanga mkononi, akauliza ni nani atakayempa kichwa chake. Watu wakaduwaa. Akainuka mmoja, akaingizwa hemani. Guru akatoka na upanga unaochuruzika damu, akaitisha mwingine. Nkatha alikumbuka Ibrahimu na mwanawe mlimani. Watano walijitoa, watu wa kazi za chini wengi wao, wametoka pembe mbalimbali za nchi. Kisha Guru akawatoa wote watano hemani wakiwa hai, wamevikwa mavazi mapya, akawanywesha maji matamu yaliyokorogwa kwa upanga. Hao ndio wakawa wa kwanza wa udugu unaoitwa Khalsa.

"Halafu?" Simran aliuliza.

"Halafu Guru piga magoti. Yeye omba hao watano: sasa nyinyi nipe mimi maji hiyo."

Nkatha akatafsiri huku akistaajabu. Mchungaji kubatizwa na kondoo wake! Kanisani kwao hakuwahi kusikia jambo kama hilo.

Huko alikokodi nyumba, mwenzake Rispah, muuguzi Mjaluo kutoka Siaya, hakulifurahia jambo lile. "Dada, wewe ni Mkristo. Siku hizi unahubiri dini ya watu?"

"Sihubiri, Rispah. Mtoto anataka kusikia sauti ya bibi yake, na sauti hiyo inapitia kwangu. Nizibe?"

Rispah hakuridhika.

Aliyebaki na kinyongo zaidi ni Harjit, mwana wa Biji, dereva wa malori ya makontena pale bandarini Port Botany. Kwa miezi miwili alikuwa akiwazuia wazee wa gurdwara, nyumba yao ya ibada, wasije kumwona mama yake. "Watasemaje?" alimwambia Nkatha. "Mama yangu ndiye aliyewafundisha watoto wao sala. Leo hajui kusema hata jina la Mungu kwa Kipunjabi."

"Mwulize yeye mwenyewe," Nkatha akamjibu.

Aliulizwa. Biji akasema anataka kwenda, na aende sikukuu ya kuzaliwa Baba Nanak, na anayeona haya abaki nyumbani. Nkatha alitafsiri yote, hata ile sehemu ya mwisho. Harjit akainamisha kilemba chake, akacheka kwa mara ya kwanza.

Walikwenda Novemba, joto limeanza kupanda. Nkatha alijifunika kichwa kwa mtandio wa Simran, akamsukuma Biji kwenye kiti cha magurudumu hadi mbele ya Kitabu kitakatifu, ambacho baada ya wale kumi ndicho kilichoachiwa kiti cha ualimu. Waimbaji wakaanza, ngoma zao mbili zikidunda polepole. Nkatha alihisi bega la mama mzee likitetemeka chini ya kiganja chake, akainama kuona kama analia.

Biji alikuwa akiimba. Maneno ya Kipunjabi yalimtoka mazima, moja baada ya jingine, bila kuburuta. Simran alijiziba mdomo kwa mikono miwili. Harjit aliketi chini kwenye zulia, mashavu yamemlowa machozi, asijali nani anamtazama.

Nkatha alifurahi, na ndani ya furaha ile palikuwa na uchungu mdogo, kama wa mtu anayerudisha mtoto wa jirani aliyemzoea. Baadaye walikula ukumbini wakiwa wameketi chini, dengu na chapati, na mfanyabiashara mmoja mashuhuri ndiye aliyempakulia.

Kipunjabi kilirudi kwanza kwa nyimbo, kisha kwa vipande, na kufikia mwaka mpya Biji aliweza kumgombeza mwanawe bila mkalimani. Lakini na Nkatha waliendelea kwa Kiswahili, na Simran akawa anaokota neno hapa na neno pale.

Mwezi wa Aprili, sikukuu ya wale watano ilipofika, Rispah alikubali kuja gurdwara, ila kuangalia tu, alisema. Alisimama ukumbini kando ya mlango, mkoba kifuani. Biji alimwona, akamwuliza Nkatha jina la mgeni na kwao, akaambiwa.

"Nyathina!" mama mzee akaita kwa sauti. "Idhi nade?"

Rispah akaangaza macho huku na huku akitafuta ni Mjaluo gani aliyemsalimu. Alipotambua, mkoba ulimwanguka. "Adhi maber, dani," akajibu. Akaja akaketi chini miguuni pa Biji, na wale wawili wakazungumza Kijaluo mpaka chai ikapoa, Nkatha akiwa hapo kati asielewe hata neno.