Biskuti Ambazo Nyanya Hakuzionja

Jumamosi iliyopita nilikuwa napanda ngazi za jumba letu huku Kware, mkono mmoja viazi, mkono wa pili sukuma wiki, na kabla sijafika mlangoni harufu ikanishika. Mifupa iliyochemshwa, pumba za mahindi, na kitu kilichoanza kuungua pembeni. Nikasimama palepale, watu wa nyuma wakanipita wakinung'unika. Sikuwa nimeinusa harufu hiyo tangu nikiwa darasa la nne, Kaloleni.

Nikaingia. Binti yangu alikuwa jikoni, unga umemfika hadi kwenye nyusi. "Mathe, cheki, zimetoka fiti!" akasema, akanionyesha trei ya biskuti ngumu za rangi ya udongo, kila moja ina umbo la mfupa. Biskuti za mbwa, bwana. Kumbe ameanza biashara. Wateja wake wako mitaa ile ya matajiri, wale wenye mbwa wanaolala ndani, na wanaagiza kwa simu. Alidhani nitamcheka. Mimi nikaketi kwenye kiti cha plastiki, nikashindwa hata kuvua viatu.

Ukitaka kujua kwa nini, vuta kiti nawe uketi, maana hadithi yenyewe si tamu.

Nililelewa na nyanya yangu, mama wa baba, katika nyumba ya halmashauri ya safu iliyokuwa karibu na reli. Ujanani alipika katika nyumba za wakubwa upande wa pili wa jiji, na huko ndiko alikoona mbwa akiokewa biskuti. Wenzake walirudi kutoka kazi hizo na vikombe vyenye ufa na sketi kuukuu. Yeye alirudi na ujuzi huo, na watu walimcheka miaka na miaka. Akaamua kumwita mbwa wake mmoja Watasema. Wengine wawili walikuwa Simba na Popi, lakini Watasema ndiye aliyependwa zaidi, jike mwekundu mwenye sikio moja lililochanika. Ukisikia nyanya anaita "Watasema! Watasema, kuja!" ujue kuna jirani anaambiwa kitu.

Ingawa walilala mlangoni kwetu, mbwa hao walikuwa wa safu nzima. Kila nyumba ilikwangua ukoko wa ugali chini ya sufuria, ukaanikwa kwenye ungo, na Jumamosi sisi watoto tukaukusanya. Mama wa duka, jirani yetu Mwislamu, hakumgusa mbwa hata kwa ncha ya buibui, na wakimkaribia alipiga kelele kama ameona nyoka. Lakini pumba zote zilitoka kwake, bure. Kumlisha kiumbe mwenye njaa kuna thawabu, alikuwa akisema, ila umwambie asiniguse.

Nyanya alitwanga ule ukoko kinuni, akauchanganya na pumba, akamimina mchuzi wa mifupa uliochemka tangu asubuhi. Akakanda. Akasukuma kwa chupa. Kisha sisi tukapiga chapa, na chapa hiyo ilikuwa fahari yetu: kipande cha mti wa mpingo kilichochongwa mguu wa mbwa, kucha zake zote zikionekana. Alituchongea baba wa rafiki yangu, mchonga vinyago aliyekaa mlango wa tatu kutoka kwetu. Mtu mpole, mwenye vumbi la mti kwenye kope, aliyemwita nyanya "mama" kana kwamba ndiye aliyemzaa. Mimi na binti yake tuligombania chapa hiyo hadi tukafinyana. Biskuti zikapangwa kwenye sufuria, mfuniko ukawekwa, na makaa juu ya mfuniko, na hapo ndipo harufu ilipotoka nje na kuuzunguka ua wa miiba ya kayaba.

Zikiiva, nyanya alikuwa na desturi yake. Alichukua ya kwanza, akaivunja, akaila mwenyewe mbele ya mbwa, taratibu, nao wamekaa wamepangana, mate yanadondoka. "Usichoweza kukila," alituambia, "usimpe anayekutegemea." Akimaliza kumeza ndipo alipotikisa mkebe na kusema, "Haya, karibuni." Bila maneno hayo hakuna mbwa aliyefungua mdomo. Aliwafunza kwa kandambili, na hakuwahurumia, kwa sababu siku hizo wezi walirusha nyama yenye sumu kabla ya kuja kuvunja mlango. Ungeweza kuweka paja la mbuzi mbele ya Watasema, akaligeuzia uso. Kitu chochote kisichotoka mkononi mwa nyanya hakikuwa chakula.

Tulizila hata sisi, mimi na rafiki yangu, tukijificha nyuma ya nyumba. Zilikuwa na ladha ya supu ya jana. Yeye alizipenda kuliko mimi, na mfuko wa sare yake ulikuwa na makombo siku zote.

Rafiki yangu aliumwa na mbwa wa relini, mbwa asiye wa mtu. Sisi watoto tulikuwa tumekatazwa kucheza huko, na baba yake rafiki yangu, mpole kama alivyokuwa, alikuwa amemwahidi kiboko akikanyaga kule tena. Kwa hiyo akafunika kidonda kwa soksi ya shule na hakumwambia mtu, hata mimi. Watu wa kwao walikuja kuliona kovu alipokuwa kitandani, kichaa cha mbwa kimempanda, ameshaanza kuogopa maji.

Sitaeleza sana. Sisi watoto tulifukuzwa mlangoni, lakini kuta za Kaloleni hazikuzuia sauti. Nilimsikia. Baba yake alimsikia kwa karibu zaidi, maana ndiye aliyemshika mpaka mwisho. Wakamzika kwao, Ukambani, na mchonga vinyago aliporudi alikaa juu ya gogo lake nje ya mlango bila patasi mkononi, akiwatazama mbwa wetu wakipita.

Nyanya alijua. Mbwa wetu hawakumgusa mtoto yule, safu nzima ilijua hivyo, lakini mtaa mzima haukujua, na msiba hauulizi mbwa yupi. Ukoko ukaacha kuja. Vijana wakaanza kuokota mawe. Asubuhi moja tukakuta nyama imetupwa kando ya ua, mbichi, nzuri, na mbwa wameipita kama hawaioni. Kunguru ndio walioila. Tukawakuta chini ya kayaba, mabawa yamekunjuka. Nyanya aliwafukia akacheka, kicheko cha hofu. "Umeona?" aliniambia. "Hawawawezi. Hawa wanakula kwangu tu."

Jumamosi iliyofuata mchonga vinyago alikuja kwetu kwa mara ya kwanza tangu mazishi. Alikuwa amenyoa, amevaa shati safi. Alikuwa ameshika karatasi iliyokunjwa, yenye unga ndani.

"Mama," akasema, "hii ni chanjo. Nimepewa na mtu anayefanya kazi kwa daktari wa mifugo. Wakichanjwa, hakuna atakayekusumbua tena. Nitawaambia mwenyewe."

Nyanya aliketi kwenye kigoda. Kwa siku hizo zote alikuwa ametafuta neno moja jema kutoka kwa mtu huyu, na sasa amelileta hadi mlangoni. "Mwanangu," akasema, "na kilio chako chote hicho, umewafikiria hawa?"

"Changanya na unga wa biskuti. Wataila wakiwa kwako tu." Kisha akaongeza, akitazama chini, "Ila usionje, mama. Ni kali kwa binadamu."

Nyanya akapika. Aliimba hata, wimbo wa kanisani, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu msiba. Mimi nikapiga chapa peke yangu. Zilipoiva mbwa wakajipanga, wakamtazama mdomo, wakingoja atafune. Hakutafuna. Watasema akainamisha kichwa upande, kama anauliza. Nyanya akacheka, akamwambia, "Leo ni dawa, mama, leo yenu tu." Akatikisa mkebe. "Haya, karibuni."

Popi alianguka kwanza. Simba alifika hadi kwenye mfereji. Watasema alirudi, akaja akalala juu ya miguu ya nyanya, akatetemeka hapo, macho yake usoni kwake, mpaka akanyamaza. Nyanya alikuwa bado ameshika mkebe.

Mchonga vinyago alikuwa amesimama uani muda wote. Hakukimbia. Hilo namkubalia. "Wangu alikufa akitetemeka hivyo hivyo," akasema. "Nilitaka waonje. Nyama yangu waliikataa."

Mama wa duka alikuja mbio, akaona, akashika kichwa. "Kikulacho ki nguoni mwako! Wallahi, mwite polisi! Mlaani huyu mtu!" Nami nilitaka amlaani. Nilitaka dunia impasukie miguuni.

Nyanya hakumlaani. Alimtazama, akasema kwa sauti ndogo, "Ungeniambia niwafunge, ningewafunga. Ungeniambia niwapeleke mbali, ningewapeleka. Kwa nini kwa mkono wangu?"

Nyanya akamwambia, "Basi chimba." Akachimba, kando ya kayaba, akilia waziwazi. Nyanya akawafunika wale mbwa kwa leso yake mwenyewe. Jioni aliichukua ile chapa ya mpingo akaitia kwenye makaa. Mpingo hauungui haraka. Tuliketi tukiitazama mpaka zile kucha zikaisha.

Watu walimuuliza kwa nini hakumshtaki. Alijibu, "Aliyezika mtoto wake usimwulize hesabu." Maneno mazuri, ya mtu mkubwa. Mimi si mtu mkubwa hivyo. Yule baba alishakufa, Mungu amrehemu, na mpaka leo sijamsamehe, na tena kila nikimkumbuka binti yake namlilia pia. Ukiweza kuyatenganisha hayo mawili, njoo unifundishe.

Nyanya hakuoka tena kitu chochote, hata mkate wa Krismasi. Na tabia ikamwingia: hakuna aliyekula kwake kabla yeye hajaonja. Uji wangu alionja. Dawa yangu ya kikohozi alionja. Nikimwambia, "Nyanya, hii ni yangu," alinijibu neno lilelile, "Afadhali ningeonja." Nilikuwa nimekwisha kuwa mtu mzima nilipoelewa anachosema. Alimaanisha kweli. Angependa kuanguka yeye kwanza, hapo uani, wao wakimtazama, wajue wasile.

Kaloleni nilipita majuzi. Ule ua wa kayaba umekatwa, mahali pake pana ukuta wa mabati na vibanda. Hakuna anayekwangua ukoko kwa ajili ya mbwa wa jirani, na sijui kama kuna jirani ambaye ungemwamini hivyo.

Basi binti yangu alichukua biskuti chache akasema, "Twende tumjaribishie mbwa wa soja pale geti." Nikashuka naye. Mbwa yule wa mlinzi, mweusi, mbavu nje, akatuona, akaketi. Akainua uso. Binti yangu alikuwa ameshanyoosha mkono nikamshika kiwiko.

"Nipe hiyo."

"Mathe, si hiyo ni ya mbwa!"

"Najua ni ya nani."

Nikaivunja. Ilikuwa na ladha ileile ya supu ya jana. Nikaitafuna yote, taratibu, nikameza, mbwa ananitazama mdomo, binti yangu ananitazama kama nimerukwa na akili. Nikasimama hapo getini, nikangoja. Nilipoona bado niko hai, nikamwambia mbwa, "Haya, karibu."