Rudasingwa Aomba Kiwanja

Kabla ya vita, Rudasingwa alikuwa na malisho ya vilima vitatu katika nyanda za juu za Kivu Kusini, na kwa miaka kumi aliwawakilisha watu wa huko katika baraza la jimbo. Hawakumchagua kwa ufasaha, kwani hakuwa nao. Walimchagua kwa sababu kila kiangazi alifungulia malisho yake ng'ombe wa jirani aliyeishiwa nyasi, hata jirani aliyegombana naye juzi. Vita vikamaliza vilima na ng'ombe. Akiwa na miaka sitini, sasa mkimbizi Marekani, alipakia masanduku kiwandani Jeffersontown, kando ya Louisville, hadi magoti yakagoma. Ndipo akamfuata binti yake Kamikazi huko Buffalo.

Jirani na nyumba yao ya mbao, upande wa magharibi wa mji, palikuwa na kiwanja kitupu cha manispaa, kimejaa vioo na matairi. Mzee alikisafisha kwa mikono, akakipima kwa hatua, akazigawia familia ishirini za wakimbizi wenzake matuta. Yeye alibaki na tuta la mwisho, kivulini, ambapo hata maharagwe yalisitasita kuota.

"Baba, umesafisha wewe, halafu unajipa kivuli?" Kamikazi alimuuliza.

"Bon, nikijipa jua, nani atakubali nigawe tena mwakani?"

Mwaka wa tano manispaa ikatangaza kwamba kiwanja kitauzwa kwa mjenzi. Wananchi wangesikilizwa kwanza na baraza la mji, kila msemaji dakika tatu. Kina mama wenye matuta wakamtuma mzee.

"Mheshimiwa," Adolphine, mmoja wao, alimtania, "safari hii usituletee barabara ya kwenye hotuba, kama ile ya kwetu!"

"Ile barabara ilifika, Mama Adolphine. Ni wewe uliyekimbia mapema."

Mpwa wake Ganza alipiga simu kutoka Columbus akimshauri atafute wakili. Mzee alijibu kwamba wakili hakai karibu na kiwanja.

Kamikazi, aliyehitimu chuo kikuu Bukavu na sasa anahudumia wagonjwa majumbani, ndiye angetafsiri. Kwa kutojiamini, aliandika hotuba ya akiba ya kurasa mbili, akaificha mkobani.

Siku ilipofika, Rudasingwa alisimama mbele ya kipaza sauti, akasalimu, kisha akanyamaza. Dakika nzima ikapita. Mwenyekiti akatazama saa. Nyuma mtu akacheka.

"Baba, sema!"

"Nangoja majirani."

Kamikazi akaelewa. Kwao milimani, mwenye kuomba ardhi hajisemei. Wanaopakana nayo ndio wanaotangulia kumtolea ushahidi.

"Huku hawajui desturi hiyo, Baba. Hakuna aliyewaambia!"

"Basi waambie."

Mkono wa Kamikazi ulikuwa tayari umegusa zile kurasa mbili mkobani. Akauondoa. Kwa Kiingereza alieleza desturi yenyewe, bila kuongeza neno, akamaliza: "Baba yangu anawangoja majirani."

Akainuka Bi Marlene, mjane Mmarekani wa nyumba iliyo upande wa pili wa kiwanja, ambaye mwaka wa kwanza aliita polisi kwa harufu ya samadi.

"Jina lako halimo kwenye orodha," mwenyekiti alisema.

"Nimekaa pale miaka arobaini. Liandike sasa." Akageukia baraza. "Samadi yake inanuka, sikatai. Lakini tangu aje, hakuna anayetupa matairi pale. Theluji ikianguka, ngazi zangu anazisafisha kabla ya zake."

Jirani wa nyuma ya kiwanja naye akasimama, akasema machache.

Baraza likakiondoa kiwanja kwenye mauzo kwa miaka mitano. Haikuwa milele, lakini nje kina mama walipiga vigelegele hadi dereva wa basi akapiga honi kuwajibu.

"Ulijua atasimama?" Kamikazi aliuliza.

"Sikujua."

"Na asingesimama?"

"Tungeng'oa maharagwe, tuondoke. Wangekuwa wamenijibu."

Kamikazi hakuwa na hakika kama yeye angeweza kuishi kwa kipimo kikali namna hiyo. Alimshika baba yake mkono, kwa ajili ya magoti yake, wakavuka barabara polepole.