Mkono wa Kushoto wa Fundi

Katika familia yetu mimi ndiye niliyefika mbali zaidi kwa masomo na karibu zaidi kwa miguu. Nilimaliza sekondari, nikarudi Gisenyi na cheti changu, nikaingia chumba cha nyuma kwa kaka yangu, na sikutoka tena ila kwa sababu nzito, kama vile chakula. Shemeji, mke wa kaka, aliwaambia wageni kwamba nyumba ile ina vitu viwili visivyohamishika, kabati na mimi. "Kabati, bon, inafunguka angalau," alisema.

Halafu ikaja miaka ambayo kukaa nyumbani hakukuwa uvivu tena, kulikuwa akili. Barabara ya Ruhengeri ilikuwa inakula watu, waasi wakivizia magari. Kaka alikuwa seremala, na seremala hawezi kukaa bila mbao, kwa hiyo asubuhi moja alipanda minibasi kwenda kuzitafuta. Nilikuwa nimeahidi kwenda naye. Nilisema tumbo linaniuma. Halikuwa linauma. Gari lao lilipigwa risasi kabla ya saa nne, na wengi waliokuwemo hawakurudi. Kaka alirudi baada ya wiki nyingi za hospitali, mkono wa kushoto ukiwa umekatwa juu ya kiwiko, na alipoingia mlangoni kitu cha kwanza alichoniuliza ni kama tumbo limepona.

Kila Jumatano jumuiya ya Wakristo wa mtaa wetu ilikuja kumwombea. Walijaa sebuleni mpaka mimi nikabaki chumbani kwangu nikisikiliza kupitia ukuta, na huko ndiko nilikopata elimu yangu yote ya mateso. Mmoja alisema Mungu anampima. Mwingine alisema Mungu akimpenda mtu humgusa. Mzee mmoja akauliza kwa upole kama hakuna dhambi ya zamani ambayo haijaungamwa, na shemeji akamwuliza kama watu wote wa minibasi ile walikuwa wameigawana dhambi moja, kila mtu na kipande chake. Ndipo mama kiongozi wa jumuiya, mwanamke mkubwa wa sauti aliyeuza sambaza, dagaa wa ziwani, kutoka Rubona, akafunga mazungumzo kwa neno alilolipenda.

"Fundi, huo ndio musalaba wako. Umubebee Yesu, usilalamike."

"Mama," kaka akasema, "musalaba mi nautengeneza. Naijua uzito yake. Musalaba ni kitu mutu anakaa chini, anapima, anakata, ju ya kuua mwenzake. Hii yangu haiko musalaba. Hii ni risasi."

"Ayii! Usiseme hivyo mbele ya Bwana."

"Bwana alikuwa fundi. Ataelewa."

Hakuwa akitania. Sijui watu walidhani nini, lakini mimi niliyekuwa nyuma ya ukuta nilijua kitu alichokuwa anakitaka, na hakikuwa maombi. Alitaka kutengeneza msalaba wa Ijumaa Kuu.

Lazima nieleze desturi ya parokia yetu, kwa maana bila hiyo hakuna atakayeelewa kosa langu. Msalaba wa Njia ya Msalaba kwetu haukupigwa misumari. Fundi alichimba kila mti nusu ya unene wake, ukakaa mmoja ndani ya mwingine, na kiungo hicho peke yake kilipaswa kushika toka kanisani mpaka kilimani. Watu waliubeba hivyo, wakipokezana kituo kwa kituo, hadi kituo cha kumi na moja, pale Yesu anaposulubiwa. Hapo fundi mwenyewe alitoka katikati ya watu na nyundo yake, akapiga misumari minne mbele ya parokia nzima. Hakuna aliyeimba. Ilisikika nyundo tu. Kaka alikuwa amefanya kazi hiyo tangu alipoirithi kwa baba yetu. Mwaka aliokuwa hospitali alifanya mtu mwingine.

Sasa ilikuwa Kwaresima ya mwaka wa tisini na tisa, bunduki zimenyamaza huku kwetu, na kaka alikwenda kwa katekista kuomba kazi yake. Katekista alikuwa mtu mwema aliyependa kila mtu atulie. Alimwambia mwaka huu wamemwekea heshima kubwa zaidi, atatembea mbele kabisa, watu wamwone, wakumbuke mateso ya Bwana.

"Donc mi nitakuwa picha," kaka akasema.

"Fundi, misumari inataka mikono miwili. Mmoja unashika, mwingine unapiga."

"Mikono iko miwili. Mudogo wangu atashika."

Katekista alicheka, maana alinijua. Kisha akaona kaka hacheki, akasema haya, lete msalaba tuuone.

Nilipoambiwa nilikumbuka tumbo langu. Shemeji akanitangulia.

"Usianze na tumbo, shemeji. Tumbo yako tunaijua yote."

Kibanda cha kazi kilikuwa nyuma ya nyumba, mabati juu na mawe meusi ya volkeno chini. Jiliwa la kubania mbao lilikuwa limeibwa wakati wa vurugu, kwa hiyo jiliwa nikawa mimi. Nilikalia mti wa mkaratusi ili usicheze, kaka akapiga randa kwa mkono mmoja, akisukuma kwa bega lote mpaka jasho likadondoka kwenye mti. Alisema kwa uzito wa mwili wangu hajawahi kupata jiliwa bora. Siku ya pili nilikuwa na malengelenge mahali ambapo mtu aliyemaliza sekondari haonyeshi.

Tukiwa tunafanya kazi alipenda kuniuliza maswali, kwa kuwa nilikuwa na alama nzuri katika somo la dini.

"We musomi. Fundi wa ule musalaba wa kwanza, alikuwa nani?"

"Haikuandikwa."

"Aliutengeneza muzuri?"

"Haikuandikwa pia."

"Lazima aliutengeneza muzuri," akasema. "Haukuvunjika." Akapuliza maranda. "Mi nafikiriaka huyo mutu. Alirudi nyumbani jioni, akaosha mikono, akakula. Pengine bibi yake alimuuliza, kazi leo ilienda? Akasema, ilienda."

Nilimwambia padri hufundisha kwamba mateso yanatuunganisha na Kristo. Alisema pengine ni kweli, lakini yeye alipokuwa amelala kwenye majani kando ya barabara hakujisikia ameunganishwa na mtu yeyote. Alisikia nzi. Kama Bwana alikuwepo, alikuwa amelala vilevile, na yeye anasikia nzi. Basi. Zaidi ya hapo hakutaka kuongezewa kitu.

Kazi ya patasi ndiyo iliyotushinda. Mmoja anashika patasi, mwingine anapiga, hiyo ingekuwa rahisi. Kaka alikataa.

"Mukono imebaki moja. Siwezi kuiweka chini ya nyundo ya mutu wa kulala."

Akachora mistari kwa penseli, akanipa patasi na nyundo ya mbao, nifanye vyote viwili mwenyewe. Mti wa kwanza alisimama juu yangu na ulikwenda vizuri. Jumanne ya Wiki Takatifu, tukiwa kwenye mti wa pili, akaitwa kwenye mkutano wa mtaa. Akanionyesha mstari. "Unafika hapa, unaacha. Usipite."

Nilipita. Ningependa kusema patasi iliteleza, lakini ukweli ni kwamba redio ilikuwa inasoma habari chumbani na nilitaka kumaliza nikasikilize. Nilipojaribu kuukalisha mti mmoja ndani ya mwingine, ulicheza kama jino bovu. Mtu mwingine angekwenda kumwambia fundi. Mimi nilikata kabari nyembamba, nikaipaka gundi na unga wa mbao, nikaisukumiza ndani, nikapiga msasa juu yake mpaka mimi mwenyewe sikuweza kuiona. Kaka aliporudi akaugonga msalaba kwa kifundo cha kidole mara mbili, akakaa kidogo, akasema, "Bon." Nilikula vizuri usiku ule.

Ijumaa Kuu mawingu yalikuwa yamelala juu ya ziwa tangu asubuhi. Katekista aliutikisa msalaba, akauona mzito na mnyoofu, akampa kaka mkono. Mama kiongozi akaniona nimesimama na mfuko wa misumari, akashika kiuno.

"Mana we! Kumbe huyu anatembeaka? Mi nilifikiri wanamupanguzaka vumbi tu."

Watu walicheka, na mimi nikacheka. Kaka alikuwa amevaa koti la baba, mkono mtupu umekunjwa na kubanwa kwa pini. Nyundo ilikuwa kiunoni. Sikuwa nimemwona amesimama wima hivyo tangu alipotoka hospitali.

Mvua ilianza kituo cha sita. Si mvua ya kutawanya watu, ile ya Aprili isiyo na haraka, inayoingia mpaka ndani ya viatu na kukaa humo. Nilikuwa nikiangalia kiungo. Kituo cha saba nikaona mstari mweupe kama maziwa ukishuka kwenye mti. Ilikuwa gundi yangu. Nilikuwa na vituo viwili vya kufungua mdomo, na nafikiri nilisali zaidi katika vituo hivyo viwili kuliko maisha yangu yote, ila nilichokuwa naomba ni mvua ikatike.

Kituo cha tisa, Yesu anaanguka mara ya tatu. Vijana wawili waliokuwa wameubeba walipiga magoti kwenye mawe kama inavyotakiwa, msalaba ukagusa chini, na mkono wake mmoja ukafunguka na kuning'inia. Mama mmoja akapiga yowe. Padri aliacha kusoma.

"Tulisema," sauti ya mwanamume ikatoka nyuma. "Mutu wa mukono moja, kazi yake itakuwa ya mukono moja."

Mama kiongozi hakucheka safari hii. "Fundi, ni nini hii? Siku ya leo?"

Kaka aliinama. Kabari ilikuwa imetoka, iko chini kwenye tope, kipande kidogo, safi, kazi ya mtu mwenye masomo. Akaiokota, akaiangalia, akaniangalia mimi. Nilikuwa hatua tatu kutoka kwake. Watu wote walikuwa wakingoja, na nilihitaji neno moja tu. Nikaangalia viatu vyangu.

"Ni yangu," kaka akasema. "Nilikosea kipimo." Akaitia kabari mfukoni.

Kisha akaingiza bega lake chini ya mti ulioning'inia, akaukumbatia kwa mkono wake mmoja, akausukuma mahali pake. Hakungoja kuambiwa. Wale vijana wakainuka na tukaendelea, wao mbele, yeye pembeni amebana mti shingoni, mvua ikimwingia kwenye kola. Alikwenda hivyo kituo cha tisa, cha kumi, na kupanda hadi cha kumi na moja. Hakuna aliyemtaka msamaha na hakuna aliyempokea.

Kituo cha kumi na moja, katekista alimgusa begani kwa upole uleule wake, akachomoa nyundo kiunoni mwake, akampa seremala mwingine wa parokia, mtu wa mikono miwili. Yule mtu akaja kwangu kuchukua misumari. Nikampa. Nikamhesabia yote minne kwenye kiganja, kama muuza duka. Kaka alibaki ameushika mti usicheze wakati mwingine anapiga. Jiliwa.

Jioni shemeji alikuwa anakamua nguo zenye tope na akaikuta kabari mfukoni. Akaiweka mezani kati yetu.

"Hii kipande ni ya nani?"

Kaka akaigeuza kwa kidole.

"Wangekuwa na fundi kama huyu siku ile ya kwanza," akasema, "Yesu angerudi nyumbani kula."

Shemeji alicheka kwanza, halafu akaelewa, akanitazama kwa muda, akatoka nje kuanika nguo ingawa mvua ilikuwa bado inanyesha.

"Yaya," nikasema, kama tunavyomwita mkubwa wetu. "Ulijua?"

"Tangu Jumanne. Niligonga, ikajibu vibaya."

"Kwa nini hukusema?"

"Ningesema, ungerudi kulala. Mi nilikuwa na lazima ya mukono." Akasugua bega lililochubuka. "Nilifikiri mvua itangoja."

Nilikwenda kuungama, mahali ambapo mtu anaweza kusema ukweli bila kusikika. Padri hakuridhika. Aliniagiza niende kwenye jumuiya Jumatano, niseme mbele ya waliomsikia kaka akijitwika kosa langu. Nilikwenda. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kukaa sebuleni badala ya nyuma ya ukuta, na walifurahi mno kuniona, mama kiongozi akanisogezea kiti chake, wakanipa nisome somo kwa kuwa nina sauti ya shule. Nilisoma vizuri. Nikaimba na wimbo wa mwisho.

"Umesema?" kaka akauliza baadaye.

"Wamenipa kusoma somo."

Akatikisa kichwa, si kwa hasira.

Mwaka uliofuata msalaba ulitoka karakana ya mjini, una boliti mbili. Kaka hawakumpa tena kazi ya kanisa. Walimletea maharage, na Jumatano waliendelea kumwombea apate nguvu ya kuubeba wa kwake. Kazi iliyobaki ni misalaba midogo ya makaburi, maana wenye msiba hawana muda wa kuuliza fundi ana mikono mingapi, na miaka ile misiba haikukosekana.

Patasi peke yangu hakunipa tena. Jumatatu baada ya Pasaka ile ya mvua alinikuta kibandani nimeshakalia mti, akanitazama. Akachukua patasi mwenyewe, akaiweka kwenye mstari wa penseli, akaikamata chini, karibu na chuma, vidole vyote vitano. Mkono alionao ni huo tu. Akanisukumia nyundo kwa mguu.

Nikamwambia nitamwumiza.

"Pengine," akasema. "Angalia mti, usiniangalie mimi. Piga."