Jicho la Kushoto la Mwanangu

Mwanangu alipoanza kuwa na kengeza, wakwe zangu walifurahi. Ndilo jambo la kwanza linalonijia nikikumbuka miaka ile, na mpaka leo linanikera.

Alikuwa hajafikisha miaka minne. Jicho lake la kushoto lilianza kutazama pembeni, kidogo kidogo, kama mtu anayesikiliza maneno ya jirani huku akijifanya hasikii. Tulikuwa tumekwenda Maposeni kwa mama mkwe kusaidia kuvuna mahindi. Mama mkwe akamshika mjukuu wake kidevu, akamgeuzia kwenye mwanga, akapiga kigelegele.

"Babu yake huyu! Njooni mwone, babu yake amerudi!"

Marehemu baba mkwe, inasemekana, naye alikuwa na kengeza. Wifi zangu wakaacha kupukuchua, wakaja kumzunguka mtoto, wakashangilia.

"Mama," nikasema, "mtoto hakuzaliwa hivi. Limeanza juzijuzi."

"Hata babu yake lilianza ukubwani," akasema mama mkwe, akaenda kumtafutia yai.

Mimi si mtu wa Songea. Serikali ilinileta kutoka Singida kufundisha shule ya msingi, nikaolewa hukohuko, tukapanga nyumba Mjimwema. Mume wangu alikuwa karani katika ushirika wa wakulima. Ilikuwa enzi ya ruksa. Wafanyabiashara walikuwa wamefunguliwa mlango, wakawa wanaingia na malori yao mpaka mashambani kununua mahindi, na ushirika ukabaki na maghala matupu na makarani wanaokwenda kazini kusalimiana. Mume wangu alikuwa mtu mpole, na upole wake ulikuwa na neno moja tu: "Tusubiri." Mishahara imechelewa, tusubiri. Mtoto ana kengeza, tusubiri, litanyooka lenyewe.

Tukasubiri. Kisha ikaja Komunyo ya Kwanza ya binti wa wifi yangu mkubwa, na mpiga picha akaitwa. Alikuwa na kamera mpya yenye taa kali, akawapanga watoto wote mbele ya maua. Picha zilipotoka, watoto wote walikuwa na macho ya watoto, isipokuwa wangu. Jicho la kushoto lilikuwa liking'aa, jeupe lenye umanjano, kama la paka aliyemulikwa na tochi.

Nikampelekea mpiga picha ile picha.

"Mwalimu, huo ni mwanga tu," akasema. "Mlete nimpige nyingine, bure."

Nikampeleka. Akampiga nyingine. Jicho likang'aa vilevile.

"Basi mwambie siku nyingine asitazame kamera," akasema.

Nisieleze kila nilichoambiwa miezi iliyofuata, maana nitapandwa na shinikizo la damu. Jirani mmoja alisema mtoto amelala na paka. Hatukuwa na paka. Mwalimu mwenzangu alisema ni upungufu wa vitamini, nikamlisha mtoto karoti mpaka viganja vikawa vya njano. Kwenye zahanati nilipewa dawa ya kupaka, ile ya macho mekundu, ingawa jicho halikuwa jekundu. Nilipolalamika, muuguzi akaniuliza kama nimekuja kutibiwa au kufundisha. Na sokoni kulikuwa na kijana aliyemwaga miwani ya mitumba juu ya turubai, miwani ya wazee wa Ulaya waliokwisha kufa, akanishauri nimjaribishie mtoto moja moja mpaka ifike ya kwake.

Siku moja nilikuwa namwogesha uani. Maji ya sabuni yakamwingia jicho la kulia, nikalifunika kwa ncha ya khanga ili nimfute. Akanyoosha mikono mbele, akaanza kupapasa hewa.

"Mama, umeondoka?"

Nilikuwa nimechuchumaa mbele yake, uso kwa uso.

"Niko hapa. Nitazame."

"Ondoa nguo kwanza."

"Nguo ipo upande mmoja tu. Nitazame kwa hili jingine."

"Hilo si la kuonea," akasema. Kisha akaniuliza, kwa kutaka kujua kweli, "Kwani wewe unaona kwa yote mawili?"

Nikakaa chini kwenye matope. Mtoto huyu alikuwa ameishi muda wote huo akidhani kila mtu ana jicho moja la kuonea na jingine la kukaa tu usoni. Hakuwa amemficha mtu chochote. Hakuna aliyemuuliza, kwa sababu sote tulikuwa tukimuuliza mpiga picha.

Mume wangu aliporudi nilimwambia tunakwenda hospitali kesho. Akafungua mdomo.

"Ukisema tusubiri," nikamwambia, "nitakwenda na mtoto na sitarudi."

Hospitali tuliyokwenda, mganga msaidizi alimtazama mwanangu kwa kurunzi, akazima, akawasha, akamwita mwenzake. Wakaongea kwa Kiingereza, wakisahau kwamba walimu nasi tumekisoma. Nikasikia neno la saratani.

"Semeni Kiswahili," nikasema. "Mama yake ni mimi."

Akaniambia kwa upole, na kwa hilo simlaumu. Kuna saratani ya macho ya watoto wadogo, na dalili yake mojawapo ni mboni kung'aa nyeupe. Kama ndiyo, jicho litolewe upesi kabla haijapanda kichwani. Yeye hana vifaa vya kujua. Tuende hospitali kubwa ya rufaa, na tusikawie.

Nikauza cherehani yangu, mume wangu akauza baiskeli. Tulisafiri kwa basi mchana kutwa, tukalala njiani, tukaendelea. Mtoto alikaa dirishani upande wa kulia, akahesabu ng'ombe, akafurahi kuliko mtu yeyote kwenye gari lile. Mimi nilikuwa nikimtazama lile jicho na kulichukia. Nilishaamua moyoni: watoe, wachukue, walitupe, mradi wamwache yeye.

Kule tukapanga foleni kuanzia alfajiri. Kila dirisha lilitutuma dirisha jingine. Ulikuwa umeanza utaratibu wa wagonjwa kuchangia huduma, na hakuna aliyekuwa na hakika nani anachangia nini, hivyo tulichangia kila mahali, na mahali pengine mara mbili. Mwishowe tukafika kwa daktari wa macho, mwanamke mnene mwenye sauti ya kukwaruza, aliyeonekana amechoka kuliko sisi. Akasema mtoto hatatulia kupimwa vizuri, atampa dawa ya usingizi ndipo amwangalie nyuma ya jicho.

Nilikaa kwenye benchi la nje na mume wangu. Alinishika mkono, nikautoa, kisha nikaurudisha.

Daktari alipotoka, alikaa katikati yetu, kwenye benchi lilelile.

"Si saratani," akasema. "Nimeangalia kwa makini, na mwenzangu ameangalia pia."

Mume wangu akaanza kulia. Mimi nikauliza, "Sasa ni nini?"

Akatueleza kwa kutumia kiganja chake. Nyuma ya jicho, akasema, kuna utando unaopokea picha, unaitwa retina, nao unalishwa na mishipa myembamba ya damu. Mwanangu alizaliwa na hitilafu katika mishipa hiyo ya jicho la kushoto. Kuta zake ni dhaifu, zimevimba kama shanga, zinavujisha maji na mafuta ya njano. Uchafu huo umejaa nyuma ya utando na kuubandua. Tuliouona kwenye picha ni huo. Na kengeza limekuja kwa sababu jicho lisiloona halina haja ya kutazama mbele.

"Jicho la kulia?"

"Zima kabisa. Ugonjwa huu kwa kawaida hushika moja tu."

"Nilifanya nini? Nilikula nini nikiwa na mimba?"

"Hukufanya kitu. Hukula kitu."

"Ni wa ukoo? Babu yake alikuwa na kengeza."

"Hapana. Hilo la babu lilikuwa jambo lake."

"Basi umetoka wapi?"

"Hatujui, mama."

Nilimshukuru Mungu, na papo hapo nikaghadhibika. Mtu akiambiwa saratani, anajua anayepigana naye. Mimi niliambiwa hatujui. Nikauliza dawa. Akasema kungekuwa na uwezekano wa kuiunguza ile mishipa mapema, kabla haijabandua utando, lakini mashine haikuwepo, na kwa jicho la mwanangu hata ingekuwepo tumechelewa. Nikamwuliza tumecheleweshwa na nani, maana mimi nilianza kuzunguka siku nyingi. Alisema tu jicho libaki, tulinde lile jingine kwa miwani migumu, arudi kupimwa kila mwaka, na kwamba huko mbele jicho lile linaweza kuanza kuuma. Likiuma sana, litatolewa.

Tukarudi Songea. Nilidhani watu watafurahi kwamba mtoto hana saratani. Mama mkwe na wifi zangu walikuja Mjimwema kutupokea, wakaleta kuku na dagaa wa Nyasa. Tulikuwa tunakula.

"Wamempa dawa gani?" akauliza mama mkwe.

"Hakuna dawa, mama. Ni mishipa, amezaliwa nayo. Ila hatakufa."

"Hakuna dawa?"

"Hakuna."

"Basi mlikwenda kutembea."

Nikameza tonge. Mume wangu akaeleza tena taratibu, habari ya mishipa na kuvuja. Wifi mkubwa akasikiliza mpaka mwisho, akanawa mikono.

"Amezaliwa nayo," akarudia. "Kwetu hakuna mishipa ya namna hiyo. Labda huko Singida."

Nikaweka bakuli chini. "Wifi, lilipokuwa kengeza lilikuwa la kwenu. Mlipiga vigelegele. Mlimpa yai. Leo limekuwa ugonjwa, limehamia Singida?"

"Mimi nimesema labda."

"Daktari amesema si la ukoo wowote! Si la Maposeni, si la Singida, halikuletwa na paka wala mboga ya mlenda ya kwetu! Hakuna mtu aliyelileta! Mnasikia?"

Nilikuwa nimesimama. Sauti yangu ilifika barabarani. Kuwapigia wakwe kelele mbele ya chakula ni jambo zito, na nilijua. Mama mkwe akamgeukia binti yake, akamwambia kwa Kingoni maneno ambayo sikuyapata yote, lakini wifi alichukua sufuria akaenda kuosha, na siku ile hakusema neno jingine. Mama mkwe akanivuta nikae.

"Kula, mwalimu," akasema. "Mwenye mtoto mgonjwa hasusi chakula."

Mwanangu aliishi na jicho lile. Shuleni walimwita majina, akawajibu. Miwani alivunja, nikanunua, akavunja. Kikombe alikikosa mezani mara chache utotoni, baadaye hakukikosa tena. Ushirika ulikufa, mume wangu akaanza kulima vizuri kuliko alivyowahi kuwa karani. Kila mwaka nilimpeleka mtoto kupimwa, na kila mwaka nilirudi na jibu lilelile, na kila mara nilibeba wasiwasi kwamba yule daktari mwenye sauti ya kukwaruza alikosea.

Akapelekwa sekondari ya bweni upande wa Hanga. Akiwa kidato cha tatu nilipata ujumbe kwamba mwanafunzi anaumwa. Nilimkuta amelala na kichwa chini ya blanketi. Jicho lilikuwa jekundu, gumu kama kokoto, na alikuwa akitapika kwa maumivu.

"Limeanza lini?"

"Muhula uliopita."

"Muhula uliopita! Na ulikuwa nyumbani likizo nzima!"

"Ungenipigia kelele," akasema.

Presha ya jicho ilikuwa imepanda, kama tulivyoonywa zamani. Tulirudi kulekule mbali, hospitali ya rufaa. Daktari mwingine sasa, kijana, akatupa dawa za kupunguza, zikashindwa. Akasema kilichobaki ni kulitoa. Hapo mimi, niliyewahi kuapa kwamba walichukue na kulitupa, nikaanza kubishana. Hakuna dawa nyingine? Hakuna mashine mpya? Siku hizi si kila kitu kinaingia nchini, mpaka maji ya chupa?

"Mama," mwanangu akasema kutoka kitandani, kwa sauti ya mtu aliyefika mwisho wa uvumilivu. "Halijawahi kunifanyia kazi hata siku moja. Sasa linanitesa. Jicho ni langu. Daktari, litoe."

Daktari akanitazama, nikatazama dirisha.

Walilitoa. Alipozinduka aliomba chai, akanywa, akalala usingizi wa namna ambayo nilikuwa sijamwona akilala tangu alipokuwa mdogo, mdomo wazi, mikono imetupwa. Walilipima jicho lile maabara. Majibu yalikuja kabla hatujaondoka: hakukuwa na saratani, hata chembe. Ni mishipa tu. Nilikuwa nimeyangoja majibu hayo zaidi ya miaka kumi, na yalipofika sikuweza hata kufurahi. Nilikaa kwenye ngazi za wodi kama mtu aliyetua mzigo wa kuni.

Jicho la bandia alilopewa lilikuwa na rangi ya asali. Macho yake ni meusi. Niliwaambia, wakasema ndiyo yaliyopo, ni ya msaada. Nikasema mtoto atakuwa na macho ya watu wawili. Yeye akajitazama kwenye kioo, akacheka, akasema atalivaa siku za misa, siku nyingine atafunga kitambaa.

Nikamsindikiza stendi ya Songea arudi shule. Nilimfungia sweta, mihogo ya kuchemsha na chupa ya dawa, akakataa sweta. Nikamwambia kuna baridi. Akasema hakuna. Nikamwambia akae upande wa dirisha lenye kioo kizima, upepo usimwingie kwenye kidonda. Akasema, "Mama, shikamoo," maana yake niondoke. Basi lilipowaka nilikuwa bado nimesimama pale na sweta mkononi, nimekasirika, na kondakta ananiuliza kama napanda au sipandi.